Mauna Kea: darubini, mlima na wenye mlima

Hii ishu ya Mauna Kea kule Hawaii ina zaidi ya miaka kumi sasa na bado inatokota, na kila nikisoma watu wanavyoibishania naona inafupishwa vibaya. Upande mmoja wanaambiwa wanapinga sayansi, upande mwingine wanaambiwa wanadharau dini za watu, basi mjadala umefungwa. Kisa chenyewe ni hiki: kuna mradi wa darubini kubwa sana unaitwa TMT (Thirty Meter Telescope), kioo chake upana wake mita 30, kimeundwa kwa vipande 492 vinavyofanya kazi kama kioo kimoja, na jengo lake lingekuwa refu kama ghorofa 18. Wenye mradi ni vyuo vya Marekani vya Caltech na University of California pamoja na taasisi za Japani, Canada na India, na mwaka 2009 mlima wa Mauna Kea kwenye Kisiwa Kikubwa cha Hawaii ndio ukachaguliwa. Mpaka leo darubini hiyo haijajengwa pale, maana wenyeji walikaa barabarani wakakataa.

Mimi nina upande wangu na nitausema, ila kwanza tuwape haki yao wanasayansi sababu hoja yao ni nzito kuliko inavyochukuliwa na watu wengi wanaowaponda mitandaoni.

Mauna Kea una urefu wa mita 4,207 kutoka usawa wa bahari, na ukihesabu kuanzia mguu wake chini kabisa kwenye sakafu ya bahari unazidi Everest. Uko katikati ya Pasifiki, pepo zinafika pale zimetulia hazijavurugwa na nchi kavu, mawingu mara nyingi yanabaki chini ya kilele, hewa ni kavu, na taa za barabarani za kisiwa kizima zimechaguliwa makusudi za aina ambayo haitupi mwanga mwingi juu. Sehemu kama hizo duniani ni za kuhesabu. Ndio maana pale juu vilishajengwa vituo 13 vya kuangalia anga, na vimefanya kazi ya kweli: Andrea Ghez alipata Nobel ya fizikia mwaka 2020 kwa kufuatilia nyota zinavyozunguka kitu kizito kisichoonekana katikati ya galaksi yetu, na nyota hizo alizifuatilia miaka na miaka kwa darubini za Keck zilizopo pale juu. Ile picha ya kwanza ya shimo jeusi iliyotolewa 2019, vituo viwili kati ya vilivyoshiriki viko Mauna Kea. Kuna jambo jingine watu huwa hawalisemi, darubini nyingine mbili kubwa za kizazi kipya zote zinajengwa Chile, ya Ulaya yenye kioo cha mita 39 na ile ya Giant Magellan, maana yake zote zinaangalia anga la kusini. Anga la kaskazini halina ya kwake. Andromeda, galaksi kubwa jirani yetu, ukiwa Chile unaiona imeinama chini karibu na upeo. Kwahiyo mtu akisema "si wakajenge kwingine tu" ajue kwamba hicho kwingine ni finyu sana.

Na wenye TMT hawakuja kihuni, hili nalo tuliseme. Eneo walilochagua sio kileleni, ni uwanda wa upande wa kaskazini chini ya kilele kwa kama mita 150, waliahidi maji machafu yote yatateremshwa chini ya mlima, walikubali kodi ambayo ingepanda mpaka dola milioni 1 kwa mwaka, na tangu 2014 walianza kutoa dola milioni 1 kila mwaka kwa ajili ya elimu ya watoto wa kisiwa hicho. Jambo hilo sio dogo, sababu mji wa Hilo na vijiji vyake ni upande wa kisiwa ambao hauna zile hoteli za kifahari, kazi ya ufundi yenye mshahara mzuri haipatikani kirahisi. Wapo Wahawaii asilia wanaofanya kazi kwenye hizo darubini na wapo walioutetea mradi hadharani wakaitwa wasaliti na ndugu zao wenyewe, na hao pia ni wenyeji.

Sasa tuje kwa mlima wenyewe.

Kwa Wahawaii asilia Mauna Kea ni ndugu mkubwa. Katika simulizi zao za asili Wakea ni baba anga na Papa ni mama ardhi, mlima ni mzaliwa wao wa kwanza, na watu nao wanatoka kwenye ukoo huohuo, yaani mlima uko ndani ya nasaba. Theluji ya kilele ni ya Poliahu, mungu wao wa kike. Kuna ziwa dogo linaitwa Waiau, liko karibu mita 4,000 juu, na familia nyingine mpaka leo zinapeleka kitovu cha mtoto pale. Msomaji wa kwetu kwa hili hahitaji maelezo, sisi wenyewe tukitaka kusema kwetu ni wapi tunasema palipozikwa kitovu changu. Kuna makaburi ya wazee kwenye vilima vya juu, na kuna machimbo ya mawe ya kutengenezea mashoka, makubwa mno, mabaki yake ya kazi ya karne nyingi yametapakaa mteremko mzima karibu na theluji, watu walipanda huko kwenye baridi ile bila viatu vya maana wakachonga jiwe gumu kuliko yote kisiwani. Hiyo ni turathi ya kazi na ya dini kwa pamoja, huwezi kuipima kwa kuuliza tu je kwenye kiwanja cha TMT kumekutwa kaburi au hakuna. Wanasheria wa mradi walilishikilia sana swali hilo, na jibu lao linaweza kuwa sahihi kwa kiwanja kile kile na bado likawa limekosa mlima mzima.

Kusema hawa watu hawapendi elimu ya nyota ni kuwakosea. Mababu zao walivuka Pasifiki kwa kusoma nyota na mawimbi, na mwaka 1976 mtumbwi wa Hokulea ukaongozwa na Mau Piailug, nahodha wa kisiwa cha Satawal huko Micronesia, kutoka Hawaii mpaka Tahiti bila kifaa hata kimoja, na safari ile ikaamsha utamaduni mzima uliokuwa unazikwa. Mfalme Kalakaua mwaka 1874 aliwapokea Waingereza waliokuja kuangalia Zuhura ikipita mbele ya jua, na baadae aliandika kwamba angependa nchi yake iwe na darubini yake. Watetezi wa TMT wanamtaja sana mfalme huyu, na ni haki yao, ila mimi naona mfano wake unawageuka. Kalakaua alikuwa mfalme wa nchi huru, wageni walikuja kwa ruhusa yake. Ukiondoa hiyo ruhusa mfano mzima unabaki hauna kiini.

Na hapo ndipo naona mzizi wa mgogoro ulipo. Mwaka 1893 wafanyabiashara na wenye mashamba ya miwa walimpindua Malkia Liliuokalani huku wanajeshi wa majini wa Marekani wakiwa wameshuka mjini na bunduki, mwaka 1898 Marekani ikavichukua visiwa, na ardhi za ufalme zikaenda nazo, Mauna Kea ikiwemo. Bunge la Marekani lenyewe lilipitisha azimio la kuomba radhi mwaka 1993, miaka mia baadae, ila ardhi haikurudi. Hawaii ilipofanywa jimbo 1959 sheria ilisema mapato ya ardhi hizo moja ya kazi zake ni kuwainua Wahawaii asilia. Alafu 1968 jimbo likakipa chuo kikuu cha Hawaii eneo la juu ya mlima kwa miaka 65, kwa dola 1 kwa mwaka. Dola moja! Nchi tajiri na vyuo vikubwa vya dunia vikajenga pale juu, muda wa kutumia darubini ukawa ndio malipo kwa chuo, na yule ambaye sheria ilimtaja kwa jina hakuona kitu. Mwaka 1998 mkaguzi wa serikali ya jimbo mwenyewe aliandika kwamba usimamizi wa mlima kwa miaka 30 ulikuwa mbovu, mazingira na mambo ya asili yameachwa yakaharibika wakati ujenzi unakimbia. Kwahiyo TMT ilipofika na mipango yake mizuri ilikuta watu ambao wameshaahidiwa mara nyingi. Na hata hivi karibuni, Januari 2023, kituo cha jeshi juu ya Haleakala kwenye kisiwa cha Maui kilimwaga dizeli galoni kama 700 ardhini, mlima mwingine huo nao mtakatifu. Sasa mwambie mtu wa kule kwamba safari hii mambo yatakuwa tofauti.

Mahakamani nako kulikuwa hivohivo. Oktoba 2014 sherehe ya kuzindua ujenzi ilivurugwa, Aprili 2015 watu 31 wakakamatwa, na Desemba mwaka ule Mahakama ya Juu ya Hawaii ikafuta kibali kwa sababu bodi ya ardhi ilikitoa kabla ya kuwasikiliza waliopinga. Yaani walipitisha kwanza ndio wasikilize. Wakaanza upya, bodi ikatoa tena 2017, na Oktoba 2018 mahakama ikakubali. Kisheria mradi ulikuwa umeshinda, hilo lazima likubalike, na wapo wanaosema nchi ya sheria haiwezi kuendeshwa kwa kukaa barabarani. Ni hoja ninayoiheshimu. Julai 2019 malori yalipotaka kupanda, watu walijaa kwenye barabara ya mlima, na tarehe 17 polisi wakakamata wazee zaidi ya thelathini, wengine kwenye viti vya magurudumu, vijana wamesimama pembeni wanalia kwa sababu wazee waliwaamuru wasiingilie. Picha zile zilibadili kila kitu. Hapo kabla kulikuwa na Wahawaii wengi ambao hawakuwa na msimamo mkali, baada ya pale ikawa ni swala la bibi na babu zao. Darubini zote zilizopo zilisimama karibu wiki nne.

Msimamo wangu basi. Naona TMT haikustahili kujengwa pale kwa nguvu, hata kama karatasi za mahakama ziko sawa, kwa sababu kibali kilitolewa na mfumo ambao umiliki wake wa mlima ndio wenyewe unaogombaniwa, huwezi kutumia ushindi wa ndani ya mfumo huo kama jibu la swali hilo. Lakini pia sikubaliani na wale wanaotaka kila darubini ing'olewe mlima ubaki mtupu. Keck na Subaru, darubini nyingine kubwa iliyopo pale, zikiondolewa ardhi haitarudi kwa wenyewe kwa sababu hiyo, na watoto wa Hilo waliosomea kazi zile watahamia bara la Marekani kama wenzao wengi walivyohama kwa ugumu wa maisha. Na kuna kitu wapinzani wanakigusa kidogo sana, ule msururu wa magari ya watalii yanayopanda karibu kila jioni kuangalia jua likizama. Kama mlima ni ndugu, basi mtalii anaetimua vumbi juu yake apimwe kwa kipimo kilekile anachopimwa mwanasayansi.

Ndio maana ninachokiangalia zaidi ni sheria ya Julai 2022 iliyounda mamlaka mpya ya kusimamia mlima. Chuo kinaondoka kwenye uongozi, mpito ulianza Julai 2023, na Julai 2028 mamlaka inashika yote. Ndani yake kuna kiti cha mtu wa ukoo wenye mizizi na mlima ule na kiti cha anaeshika mila zake, wanapiga kura, sio wa kuitwa kushauri tu. Sheria hiyohiyo inasema elimu ya anga iendelee kuungwa mkono. Wapo wapinzani wa TMT, wenyewe wanajiita walinzi wa mlima, wanaoiona ni njia ya serikali kununua muda na nawaelewa, maana wanaoteua wajumbe wengi ni gavana na wanasiasa. Bado kwangu ni mara ya kwanza tangu 1893 wenye mlima wamewekwa ndani ya chumba ambacho uamuzi unafanyika. Na kuna vitendo, sio maneno matupu, vituo viwili vimeshabomolewa na ardhi yake kufukiwa irudi ilivyokuwa, kazi iliyokamilika 2024, baada ya ahadi za miaka mingi.

TMT yenyewe imedhoofika kwa sababu ambazo hazina uhusiano na wazee wa barabarani peke yao. Gharama ilianzia dola bilioni 1.4 ikapita mara moja na nusu ya hapo, na katikati ya 2025 taasisi ya sayansi ya serikali ya Marekani ilisema inasonga mbele na ile ya Giant Magellan tu. Hispania nayo ikaahidi euro milioni 400 kama mradi utahamia La Palma kwenye visiwa vya Canary. La Palma ni chini sana kuliko Mauna Kea na hewa yake sio kavu kama ya Hawaii, kazi fulani za mwanga wa infraredi zitapungua ubora, wanasayansi wa anga wanasema hivyo na sina sababu ya kuwabishia. Ila anga la kaskazini lingepata darubini yake.

Mkataba wa dola moja unaisha Desemba 31, 2033. Kabla ya hapo mamlaka mpya itabidi iamue darubini zipi zipewe mkataba mwingine, kwa kodi gani, hiyo kodi imfikie nani, na zipi zishushwe. Keck tayari wanajua kwamba bila makubaliano mapya watatakiwa kuondoka, na ujenzi wa kuondoa kitu kikubwa namna ile unahitaji miaka, kwahiyo mazungumzo hayawezi kusubiri 2032. Safari hii wakae mezani mapema, na bei na masharti yatajwe na watu wa kisiwa.