Usimtafute mbwa

Jina Un Chien Andalou linamtaja mbwa wa Andalusia, kusini mwa Hispania, ila usimtafute, hayumo. Luis Buñuel na Salvador Dalí, vijana wawili wa Kihispania, waliitengeneza filamu hii Ufaransa mwaka 1929 kwa pesa za mama yake Buñuel. Haifiki nusu saa.

Kila anayeisimulia huanzia kwenye jicho. Buñuel mwenyewe ananoa wembe, anatoka kwenda roshani na kutazama mwezi. Wingu jembamba linapita juu ya mwezi. Wembe nao unapasua jicho la mwanamke, ute unamwagika. Jicho lile ni la ndama, tunajua, na bado mwili unasisimka.

Mimi kinachonichokoza zaidi ni maandishi ya kwenye skrini. Filamu inaanza na “Hapo zamani za kale”. Jicho likishakatwa tunaambiwa “Miaka minane baadaye”, na mwanamke yuleyule tunamkuta chumbani na macho yake yote mawili mazima. Mara “Yapata saa tisa usiku”. Mara “Miaka kumi na sita kabla”, na waliokuwa wamesimama wamesimama palepale! Sisi tuliokuzwa kwa hadithi tunajua maneno hayo huahidi nini. Hapa tunatapeliwa mchana kweupe, na utapeli huo ndio ninaoupenda.

Ndiyo maana sina subira na wachambuzi wenye jibu la kila kitu: sisimizi wanaotoka kiganjani ni hiki, punda waliooza juu ya piano ni kile. Buñuel na Dalí walikubaliana kuitupilia mbali kila picha inayoelezeka. Sisimizi Dalí aliwaota, wembe aliuota Buñuel, basi. Ila pale mwanamume anapomkimbiza mwanamke chumbani na kumpapasa kwa nguvu sioni ndoto yoyote, naona ubabe wa vijana tu.

Siku ya kwanza kuonyeshwa Paris, Buñuel alisimama nyuma ya skrini na gramafoni, akibadilisha muziki wa Wagner na ule wa dansi ya tango, mifukoni kajaza mawe ya kuwarushia watazamaji wakizomea. Wakapiga makofi. Waungwana walewale aliotaka kuwatibua waliipenda, ikaendelea kuonyeshwa miezi minane. Alichukia hadi akaandika kwamba filamu yake ni mwito wa kuua, na sidhani alikuwa anatia chumvi. Mwaka 1930 akaja na filamu nyingine, L'Âge d'or. Safari hiyo skrini ilirushiwa wino na polisi wakaipiga marufuku.