Prodyuza mwenye kofia mbili: nani ailinde pesa ya uhariri?

Prodyuza wa kujitegemea wa Nairobi au Dar es Salaam huishiwa pesa mara mbili. Kwanza ni lokesheni, mvua inaponyesha siku ambayo kamera na jenereta vimeshalipiwa. Pili ni miezi kadhaa baadaye, filamu ikiwa imelala kwenye diski. Ukame wa pili kwa kawaida umezaliwa na ule wa kwanza, maana fungu linalochotwa kuiokoa siku ya mvua ni la kazi ambayo bado haijaanza: uhariri, sauti, kusawazisha rangi ya picha, manukuu (maandishi ya tafsiri chini ya picha).

Kwenye tasnia kubwa kuna mtu anayelipwa kulinda fungu hilo, msimamizi wa kazi za baada ya kushuti. Si lazima awe mhariri. Yeye hupanga ratiba, huamua lini picha inafungwa na isiguswe tena, hufuatana na studio ya sauti, na huhakikisha faili zinazokabidhiwa ndizo zilizoagizwa. Kwetu kazi hiyo mara nyingi humwangukia prodyuza mwenyewe, akavaa kofia mbili. Je, ni busara, au ni kukosa pesa tu?

Hoja ya busara ni nzito kuliko inavyodhaniwa. Aliyewahi kumalizia filamu husoma skripti kwa jicho jingine. Akiona mazungumzo marefu katikati ya Kariakoo, anajua huenda waigizaji wakarudishwa studio kurekodi upya. Anauliza mapema kuhusu kamera, kwa kuwa Netflix ina orodha ya kamera inazozikubali kwa kazi inazoziagiza yenyewe. Taarabu ikisikika redioni nyuma ya mwigizaji, anamtafuta mwenye haki kabla hajatafutwa yeye.

Tena kuna jambo la muziki na vishindo, yaani sauti zote zisizo mazungumzo, ambalo wengi hulikumbuka mnunuzi akiwa ameshafika mlangoni. Watazamaji wa Azam TV wamezoea tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti za Kiswahili. Kazi ya namna hiyo huwa nyepesi pale mwenye filamu anapotoa muziki na vishindo kwenye faili yake, mbali na mazungumzo. Filamu ya Bongo ambayo sauti zake zote zimechanganywa pamoja huwezi kuitia Kifaransa bila kupoteza pia mlango unaogongwa, mvua na ngoma. Prodyuza mwenye kofia mbili huliona hilo kabla ya kushuti.

Kofia ya pili humlisha pia. Kusimamia filamu za wenzake kuna malipo ya karibu, ilhali filamu yake mwenyewe inaweza kumla miaka. Softie, filamu ya Sam Soko kuhusu mwanaharakati Boniface Mwangi, ilichukua miaka ya kurekodi kabla ya kufika tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwaka 2020. Huko ilipata tuzo maalumu ya uhariri, waliotajwa wakiwa Soko mwenyewe, Ryan Mullins na Mila Aung-Thwin. Huyu wa mwisho ni prodyuza wa EyeSteelFilm ya Montreal, na hapo alikuwa mhariri.

Wanaotetea kofia mbili wataikimbilia Softie kama ushahidi. Mimi naisoma kwa namna nyingine kidogo. Kofia zilivaliwa, sawa, lakini Nairobi alikuwapo prodyuza Toni Kamau, na Montreal kulikuwa na kampuni nzima. Palikuwa na watu wa kubishana.

Prodyuza wa peke yake hana wa kubishana naye. Kazi kubwa ya msimamizi ni kumwambia prodyuza "hapana", na saa tano ya usiku, wafanyakazi wakidai posho, ni nadra mtu kujinyima mwenyewe. Tarehe ya mwisho ya tamasha nayo ina majaribu yake: prodyuza anataka kuwasilisha, sauti haijakaa sawa, na anayepaswa kumzuia ni yeye huyohuyo.

Ugumu mwingine unatoka nje. Baadhi ya mifuko ya Ulaya inayofadhili filamu hutaka sehemu ya pesa itumike kwao, na kazi ya baada ya kushuti ndiyo rahisi kuhamishwa. Mchanganya sauti wa Nairobi anakosa kazi, na mhariri wa mazungumzo asiyejua Sheng anakata neno katikati. Hapo prodyuza anayeijua kazi hii ana faida: anaweza kukubali rangi ifanyiwe Berlin huku akishikilia mazungumzo na manukuu vibaki nyumbani. Asiyeijua husaini tu.

Kwa video ya wiki mbili inayokwenda YouTube, kofia mbili hazina ubaya. Kwa filamu ndefu ya sinema, ningeruhusu zivaliwe hadi siku ya kwanza ya kushuti. Kuanzia hapo fungu la kumalizia likae kwenye akaunti inayohitaji sahihi ya mtu wa pili. Wapo watakaosema ni ukatili kulaza pesa wakati lokesheni inaungua, na kweli kuna siku utalazimika kufuta onyesho zima. Sahihi hiyo ningempa mhariri, kwa kuwa ndiye atakayekaa bila kazi fungu likishaliwa.