Miaka 17 kwenye duka moja: Dilip Joshi na Jethalal wake

Jua halijakaza, na mzee Champaklal keshapaza sauti: "Jethiya!" Mtu mzima mwenye kitambi na sharubu anakurupuka kitandani, nywele timutimu, anasimama mbele ya baba yake amenywea kama mtoto aliyevunja gilasi. Atagombezwa kwa kuchelewa kuamka, ataahidi kujirekebisha, ataoga, atavaa shati lenye rangi za kutosha kupamba ukumbi wa harusi, atakula jalebi na fafda, vitafunio vya kwao Gujarat, kisha atashuka kwenda dukani. Kabla hajafika getini atamwona jirani yake Babita. Hapo mgongo unanyooka, tumbo linaingia ndani, sauti inageuka asali. Raha hiyo haidumu. Iyer, mume wa Babita, anatokea nyuma, na uso wa Jethalal unashuka taratibu kama turubai lililokatwa kamba.

Asubuhi ya namna hiyo imerudiwa mara zisizohesabika kwenye kipindi cha vichekesho cha Taarak Mehta Ka Ooltah Chashmah, kinachorushwa nchini India tangu tarehe 28 Julai 2008. Jethalal ni Dilip Joshi, mzaliwa wa 1968 kutoka kijiji cha Gosa, Porbandar, jimbo la Gujarat. Baba anayemfokea ni Amit Bhatt ambaye, kwa umri wa kweli, ni mdogo kuliko huyo "mwanawe". Ukilijua hilo unaanza kuitazama ile sura ya kunywea kwa heshima nyingine: mtu anatetemeka mbele ya mdogo wake, kila siku, na wewe unaamini.

Ubishi kuhusu Joshi hauishi. Upande mmoja wanasema mwigizaji wa kiwango chake amejizika mwenyewe: miaka 17 ndani ya uhusika mmoja, watu wamemkariri mpaka jina lake halisi limekuwa la pili. Upande mwingine wanasema amepata kile ambacho maelfu ya waigizaji wa Mumbai wanakufa bila kukipata, yaani kazi ya kudumu na mapenzi ya taifa zima. Mimi naona pande zote mbili zinagombania kitu kisicho chenyewe, lakini tuanze na hoja zao.

Wanaolia kwamba kipaji kimepotea husahau kilikuwa wapi kabla. Joshi alianzia kwenye tamthilia za jukwaani, za Kigujarati, na amesimulia mwenyewe kwamba enzi hizo alikuwa mtu wa nyuma ya pazia, akipewa kijisehemu kwa rupia 50. Mwaka 1989 alionekana kwenye Maine Pyar Kiya kama mtumishi wa nyumbani. Mwaka 1994 akawa Bhola Prasad kwenye Hum Aapke Hain Koun, filamu iliyojaza kumbi kuliko karibu zote za zama zake. Ungetarajia milango ifunguke. Haikufunguka. Alizunguka kwenye vipindi vya televisheni vilivyokuja na kuondoka, na kabla ya 2008, kipindi alichokuwa akifanya kilipokatwa, alikaa kama mwaka na nusu bila kazi, akiwa na umri wa kukaribia arobaini na familia ya kulisha. Mtayarishaji Asit Kumarr Modi alipomjia na mradi mpya, alimpa achague kati ya uhusika wa baba na wa mwana. Akachagua mwana.

Kwa hiyo tunapouliza Jethalal amemnyima Joshi nini, tuwe wakweli: hakuna mrundo wa filamu kubwa zilizokuwa zikimsubiri mlangoni. Sinema ya Kihindi ilikuwa imeshamwona kwa miaka karibu 20 na haikuwa na la kumpa zaidi ya sinia la chai.

Hata hivyo hoja ya kifungo haifutiki kwa hesabu hiyo. Chukua takwimu tu. Kipindi kimeshapita sehemu 4,000. Kila moja ina kama dakika 20 ukiondoa matangazo. Hizo ni dakika 80,000, zaidi ya saa 1,300. Kwa filamu ya saa mbili na nusu, ni kama filamu 500 zenye watu walewale, ua lilelile, ngazi zilezile. Hata ukimtoa Joshi kwenye robo ya sehemu hizo, bado hakuna mwigizaji wa sinema anayeikaribia. Na hakuna mwandishi anayeweza kulisha mashine hiyo bila kuchoka. Joshi mwenyewe hakulificha. Mwaka 2021 alikiri kwenye mazungumzo na mchekeshaji mmoja kwamba wingi umekula ubora, na kwamba kazi ya kila siku imekuwa kama kiwanda: waandishi hawana muda, lazima kesho kitu kiende hewani. Ni nadra kumsikia mtu akisema hivyo juu ya sufuria anayolia chakula.

Watu hupenda kumlinganisha na wengine waliokaririwa, na hapo mambo yanachanganya zaidi. Arun Govil alicheza Rama, mungu wa Wahindu, kwenye kipindi cha Ramayan cha Ramanand Sagar, 1987 hadi 1988. Mwaka mmoja na nusu tu. Watu wakawa wanamgusa miguu barabarani kama mungu, na watayarishaji wa filamu wakamkwepa, maana nani atamwandikia Rama uhusika wa mlevi au mwizi? Miongo mitatu na nusu baadaye, mwaka 2024, sura ileile iliyomfungia milango ya sinema ilimsaidia kuingia bungeni kupitia jimbo la Meerut. Shivaji Satam, aliyetokea benki kabla ya kuwa mwigizaji, alishika uhusika wa ACP Pradyuman, ofisa wa polisi, kwenye kipindi cha upelelezi cha CID kuanzia Januari 1998 hadi Oktoba 2018. Miaka 20 ya kuzungusha vidole hewani na kusema kuna kitu hakiko sawa hapa. Kipindi kilipokatwa, alieleza bila kona kwamba ofa za maana hazimjii na kwamba amechoka kukaa nyumbani. Lakini hakusema amemchoka Pradyuman. Alisema kikirudi kesho atakuwa wa kwanza kuripoti, na Desemba 2024 kiliporudi, naye akarudi.

Kumbe muda si kipimo. Govil alifungwa na sehemu 78. Satam alikaa miongo miwili na akatamani zaidi.

Sasa nije kwenye kile ninachokiona mimi. Sisi tunaosoma Kiswahili tuna njia ya mkato ya kumwelewa Jethalal, kwa sababu neno lenyewe tunalo. Anapoaga nyumbani anasema anakwenda "dukan". Sisi tunasema duka, neno lenye asili moja na hilo, na wenye maduka wengi wa zamani walikuwa watu wa kwao kabisa, Wagujarati na Wakachi waliovuka na majahazi. Jethalal amepewa asili ya Bhachau, eneo la Kachi huko Gujarat. Porbandar aliyozaliwa Joshi ndiyo kanda aliyotoka Nanji Kalidas Mehta, aliyeanzisha kiwanda cha sukari cha Lugazi, Uganda. Ukimwona Jethalal kwenye kiti chake cha Gada Electronics, duka lake la vifaa vya umeme, akibishana na simu, akimkaripia mfanyakazi wake Bagha, akipiga hesabu kichwani huku mteja anasubiri, unamwona mtu ambaye babu zetu walimkopa sukari Mombasa, Tanga au Unguja.

Na biashara ya duka ina kanuni yake. Hakuna anayemuuliza mwenye duka kwa nini hajabadilisha duka kwa miaka 17. Tunamuuliza kama yupo. Kama amefungua. Kama kibaba chake bado kimejaa. Kipindi cha kila siku ni duka la mtaa, wala hakina haja ya kujifanya tamasha la filamu. Watu wanakiwasha wakiwa mezani, wagonjwa wanakitazama wodini, watoto wanakikuta na kukikulia. Anayempima Joshi kwa mizani ya mwigizaji anayebadili sura kila filamu anampima muuza duka kwa mizani ya mchuuzi wa mnadani.

Ufundi wenyewe uko wapi basi? Uko kwenye simu. Mwaka 2017 Disha Vakani, aliyekuwa Daya, mke wa Jethalal, alienda likizo ya uzazi. Hakurudi. Watayarishaji hawakumuua Daya wala hawakumwachisha. Walimwacha kwao Ahmedabad, "anakuja karibuni". Tangu hapo Joshi anaigiza ndoa na mtu asiyekuwepo. Anapokea simu ya shemeji yake Sundar, ambaye kila akipiga kuna hela itapotea, na anauliza Daya atarudi lini. Tazama anavyofanya. Kwanza furaha, maana jina la Daya limetajwa. Kisha shaka, macho yanahama upande. Kisha hasira inapanda, meno yanakutana, halafu anakumbuka baba yake yuko sebuleni anasikia, na hasira yote inabidi imezwe na kugeuzwa "ndiyo, ndiyo, sawa". Hatua nne kwa nusu dakika, hakuna mtu mbele yake, na ameshazifanya mara mia. Mwigizaji wa kawaida angekuwa ameshaanza kupiga chapa. Yeye bado huongeza kitu: pumzi ndogo, kidole kinachozungusha kifungo cha shati.

Hapa ndipo lawama yangu inapokaa, na haikai kwa Joshi. Kosa ni kumwacha Jethalal mwenyewe asiishi. Tapu, mtoto wake, alianza akiwa kitoto, akichezwa na Bhavya Gandhi. Ameshachezwa na vijana watatu. Mwigizaji wa kwanza wa Taarak Mehta, jirani na rafiki wa Jethalal, Shailesh Lodha, aliondoka 2022 na mzozo wa malipo ukafika kwenye vyombo vya sheria kabla ya kusuluhishwa. Dunia yote ya ule ua imebadilika watu, lakini Jethalal haruhusiwi kujua. Mwanamume aliyetelekezwa na mkewe kwa miaka minane bado anarukaruka dirishani kumchungulia Babita kana kwamba ni 2009. Ni kichekesho gani kingetoka kama wangemruhusu azeeke! Muuza duka wa miaka hamsini na kitu, mke kaenda kwao, baba anazeeka, mtoto anataka kuhama, wateja wananunua friji kwenye simu. Joshi ana uzito wa kuibeba hadithi hiyo. Waandishi hawana muda wa kuiandika.

Na yeye je, hana lawama hata kidogo? Anayo kidogo. Mtu mwenye nafasi yake kwenye kipindi ana sauti, na tunajua aliwahi kuitumia kuumba: kile kitusi chake cha kumwita Daya "mwanamke kichaa", kilichosambaa kwenye vijipicha vya mitandaoni, hakikuwa kwenye maandishi, alikiropoka mwenyewe wakati wa kurekodi, kikawa maarufu, kikalalamikiwa kwamba kinawadhalilisha wanawake, kikaondolewa. Mtu anayeweza kuongeza neno anaweza pia kudai ukurasa.

Wapo watakaosema ukimgusa Jethalal kipindi kinakufa. Walisema hivyo kwa Daya pia. Katikati ya 2025 kulikuwa na kisa cha mzimu kwenye jumba la mapumziko, na kwa wiki kadhaa Jethalal na Babita hawakuonekana. Uvumi ukavuma kwamba wameacha kazi, mtayarishaji akakanusha, na wakati huohuo kipindi kikapanda hadi kileleni kwenye orodha ya vinavyotazamwa zaidi. Mashabiki wa Joshi hawaipendi habari hiyo. Mimi naiona ni nafuu kwake: kumbe duka linaweza kubaki wazi siku muuzaji akipumzika, na asipokuwa nguzo peke yake anaweza kuthubutu zaidi akirudi.

Lipo jambo moja ambalo hunifanya nisiwe mkali sana. Mfanyakazi mkongwe wa Gada Electronics alikuwa Nattu Kaka, mzee Ghanshyam Nayak, na kazi yake kubwa kwenye hadithi ilikuwa kuuliza mshahara utaongezwa lini. Jethalal alikuwa akizuga, akibadili mada, akimtuma kitu. Nayak alifariki tarehe 3 Oktoba 2021, baada ya kuugua saratani, na kabla ya hapo alikuwa amesema angependa kufa akiwa na vipodozi vya kazini usoni. Kwa miezi kadhaa kile kiti cha dukani kilikaa bila mtu wake. Katikati ya 2022 akaletwa Kiran Bhatt, mzee mwingine wa jukwaa la Kigujarati, akapewa jina lilelile na duka lilelile. Jethalal akampokea, na kazi ikaendelea.