Wimbo Uliotoka Bendi Ikiwa Imeshakufa

Kila nikimsikia mtu akisema "Die, Die My Darling" ni wimbo wa Metallica, bendi maarufu ya metali ya Marekani, nashindwa kunyamaza. Simlaumu, maana hata mimi niliupokea hivyohivyo. Nilikuwa kidato cha tano, nikausikia kwenye kompyuta ya binamu yangu, na faili lilikuwa na jina moja tu: Metallica. Nikausikiliza karibu mwaka mzima bila kujua kwamba una wenyewe. Siku nilipoupata kwa sauti ya Misfits, bendi iliyouimba kwanza, nilidhani spika zimeharibika. Nikaurudia mara ya pili, ya tatu. Tangu siku hiyo ule niliouzoea sijausikia tena kwa raha ya zamani.

Misfits ni vijana wa Lodi, mji mdogo wa New Jersey usio mbali na New York. Glenn Danzig aliianzisha bendi mwaka 1977. Jerry Only alishika besi, na mwaka 1980 mdogo wake, Doyle, akaja na gitaa. Wenzao wengi wa panki, roki ya haraka na ya hasira, walikuwa wakiwatukana wakubwa na polisi. Hawa waliimba maiti zinazofufuka, viumbe kutoka Mars, damu na makaburi, na ndiyo maana aina hii ya muziki ikaja kuitwa panki ya kutisha. Karibu kila kitu chao kilitoka kwenye sinema za zamani. Jina la bendi ni la filamu ya Marilyn Monroe ya mwaka 1961. Fuvu lile ambalo leo unaliona kwenye fulana za watu wasioujua hata wimbo mmoja wao lilitoka kwenye The Crimson Ghost, filamu ya mfululizo ya mwaka 1946. Lebo yao ya kutolea rekodi waliiita Plan 9, kwa heshima ya filamu ya Ed Wood iliyodharauliwa miaka mingi kwa ubovu wake.

Wimbo wenyewe nao umeazima jina. Mwaka 1965 kampuni ya Hammer ya Uingereza ilitoa filamu iitwayo Fanatic, na Marekani ikaonyeshwa kama Die! Die! My Darling! Tallulah Bankhead, mwigizaji aliyekuwa nyota wa majukwaa enzi zake, anaigiza mama mzee aliyefiwa na mwanawe. Mchumba wa marehemu anakuja kumtembelea kwa adabu tu. Mama anamfungia ndani kwa jina la dini, akitaka binti abaki safi kwa ajili ya maiti. Danzig aliichukua hofu ile, lakini kisa hakukichukua. Kwenye wimbo hakuna mama mkwe wala chumba kilichofungwa. Kuna mwanamume anayemwambia mpenzi wake asimlilie, na kibwagizo kinachorudia kumwamuru afe.

Najua msomaji atauliza kuna uzuri gani katika maneno kama hayo. Nami niliwahi kuona aibu kuusikiliza mbele ya mama yangu. Ila ukiisikia sauti ya Danzig utaelewa. Ana sauti nzito ya kiume, ya mtu aliyekua akiwasikiliza waimbaji wa mapenzi wa miaka ya hamsini na sitini, na haya maneno ya kikatili anayaimba kwa utamu wa mtu anayebembeleza. Nyuma yake wenzake wanaitikia kama genge la mtaani. Gitaa la Doyle linakwaruza kama msumeno kwenye bati. Kinachonitisha pale si damu. Ni kumsikia mtu akiua kwa sauti ya kuposa, jambo ambalo bibi zetu walilijua walipotusimulia habari za zimwi linalojigeuza kijana mzuri na kuja kumchumbia binti.

Jalada la singo, yaani sahani ndogo iliyobeba wimbo huo, nalo ni la kuazima. Mchoro ulitoka kwenye Chamber of Chills, jarida la katuni za kutisha la kampuni ya Harvey, toleo la mwaka 1953, na aliyeuchora ni Lee Elias. Mwaka mmoja baadaye, wazazi na wanasiasa wa Marekani walipopiga kelele kwamba katuni hizo zinaharibu watoto, wachapishaji walijiwekea kanuni kali na majarida ya namna ile yakatoweka madukani. Vijana wa Lodi walikiokota kilichotupwa na watu wazima, wakakisafisha na kukivaa kifuani. Nalipenda sana jambo hilo. Lakini pia linaniuma kwamba mchoro umezunguka dunia nzima kwenye fulana na mabango, na jina la Elias hulisikii.

Sasa njoo kwenye tarehe, maana kisa chote kiko hapo. Oktoba 1983 Misfits walipanda jukwaani Detroit wakiwa na mpiga ngoma mpya. Alikuwa amelewa kiasi cha kushindwa kupiga, ikabidi atolewe, kisha rafiki kutoka bendi nyingine akakaa nyuma ya ngoma kumalizia onyesho. Usiku huohuo Danzig aliwatangazia watu kwamba hilo ndilo onyesho lao la mwisho. "Die, Die My Darling" ilitoka mwaka uliofuata, 1984, ikiwa pamoja na "We Bite" na "Mommy, Can I Go Out and Kill Tonight?" Kwa hiyo hapakuwa na bendi ya kuupigia wimbo debe. Danzig alikuwa ameshahamia Samhain, bendi yake mpya, na ndugu wawili wakabaki bila mwimbaji. Ulitoka kama barua inayofika baada ya mwandishi wake kuzikwa.

Ungeweza kuishia hapo. Haukuishia kwa sababu ya Cliff Burton. Huyu mpiga besi wa Metallica aliwapenda Misfits hadi akachora tatuu ya fuvu lao mkononi, na wenzake, mwimbaji James Hetfield hasa, wakaambukizwa. Fulana za Misfits zikaanza kuonekana kwenye picha za bendi ya metali iliyokuwa ikikua kwa kasi, na mashabiki wakauliza hao Misfits ni nani. Septemba 1986 Burton alikufa Sweden, basi lao lilipopinduka. Mwaka uliofuata, Metallica walipoingia kurekodi kwa mara ya kwanza na Jason Newsted aliyemrithi, walipiga nyimbo za watu wengine tu, na mwishoni wakaunganisha "Last Caress" na "Green Hell", zote za Misfits. Hapo nasikia msiba. Wanacheza haraka, ovyo kidogo, kama watu waliokutana nyumbani kwa marehemu na kuanza kuimba alichokipenda.

"Die, Die My Darling" wenyewe waliufikia mwaka 1998 kwenye Garage Inc., na mwaka 1999 wakautoa kama singo. Wakati huo Metallica walikuwa matajiri, wana studio nzuri na mtayarishaji hodari, Bob Rock. Kila ala inasikika mahali pake. Hetfield ananguruma vizuri. Cha ajabu, bendi iliyojulikana kwa nyimbo za dakika saba na nane iliufanya wimbo uwe mfupi: wa Misfits unazidi dakika 3, wao hawafiki hata dakika 2 na nusu. Ni kazi safi, na mimi nasema usafi huo ndio ulioupunguzia hofu. Hetfield anamtisha yule mpenzi. Danzig alikuwa akimbembeleza. Ukiondoa ule ubembelezi, kinabaki kitisho cha kawaida ambacho kila bendi ya metali inakijua.

Hata hivyo siwezi kuwanyima haki yao. Hawakuficha walikoutoa. Walimtaja mtunzi, naye anastahili mrabaha wake kila wimbo unapouzwa. Sisi wa Afrika Mashariki tunajua maumivu ya upande wa pili: "Malaika" umeimbwa na Miriam Makeba na Boney M, na bado tunabishana ni nani hasa aliyeutunga na nani alipaswa kula jasho lake. Wengine pia waliwatendea Misfits wema huo. Guns N' Roses waliimba "Attitude" mwaka 1993, Duff McKagan akiwa mbele. Vijana wa New Jersey, My Chemical Romance, wakaichukua "Astro Zombies" mwaka 2005. Kila mmoja alileta wasikilizaji ambao Plan 9 isingewapata hata ingeishi miaka mia.

Kinachonikera ni sisi wasikilizaji. Mtu anapakia wimbo, anaandika jina la aliyeurudia, basi. Kusoma mstari mmoja wa jina la mtunzi kunahitaji nini? Ukimpenda Hetfield, ujue yeye mwenyewe alisimama jukwaani akiwa amevaa jina la watu wengine kifuani ili wewe ulione.

Desemba 2011 Metallica waliadhimisha miaka 30 kwenye ukumbi wa Fillmore, San Francisco, kwa maonyesho manne, na katika usiku mmoja wakamwita Glenn Danzig. Alikuwa na miaka 56. Aliimba "Die, Die My Darling", halafu "Last Caress" na "Green Hell", Hetfield akipiga gitaa pembeni na kuacha kipaza sauti kwa mwenyewe. Nimeitazama video ile mara nyingi. Jerry Only hakuwepo; yeye na Danzig walishagombania jina la bendi mpaka wakapatana nje ya mahakama mwaka 1995, na hawakusimama tena pamoja kama Misfits hadi Septemba 2016, kwenye tamasha la Riot Fest, kwanza Denver kisha Chicago.