Hata Mmoroko Ana Mama

Jana usiku nimefunga kitabu kwa hasira. Bahati yake ni cha kuazima, vinginevyo saa hizi kingekuwa uvunguni. Ni riwaya ya familia moja ya Andalusia wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania, 1936 hadi 1939, kurasa mia sita na ushei, imepita mikononi mwa kina dada wote wa kikundi chetu cha vitabu na kila mmoja kalia pake. Nami nimelia, sikatai. Nimemlilia baba anayepakiwa kwenye lori alfajiri. Nimewalilia kaka wawili walioangukia pande mbili. Hata punda nimemlilia. Kisha tukafika pale jeshi la Franco, jenerali aliyeongoza uasi dhidi ya serikali ya Jamhuri, linapoingia kijijini, na waliotangulia mbele ni Wamoroko. Vilemba, visu, meno. Hawana majina. Hawasemi, wanapiga kelele. Wanabaka, wanabeba cherehani ya mama mwenye nyumba, wanatoweka. Ukurasa mmoja na nusu, tumewamaliza, turudi kwenye familia.

Kitabu chenyewe sikitaji. Si woga, ni kwamba nimeshasoma ndugu zake kadhaa na wote wana ukurasa huohuo, utadhani wameazimana.

Raha ya riwaya za vita hivi, na ndiyo iliyonivuta mimi kwenye nchi nisikokuwa na ndugu wala mdeni, ni kwamba haziachi adui awe jiwe. Kila mtu kapewa alikotoka. Kasisi anayewabariki waasi ana dada anayekohoa damu. Mwenye mashamba ana mtoto aliyemfia. Yule kijana wa Falange, chama cha mafashisti, anayekuja usiku na orodha ya majina, utakuta sura nzima ya baba yake alivyokuwa akimcharaza mkanda. Unamchukia, lakini unamjua.

Na hayo si mapambo ya waandishi. Tazama ndugu wa kweli, akina Machado, washairi wawili ambao kabla ya vita walikuwa wakiandika hata tamthilia pamoja. Vita inamkuta Manuel akiwa mji wa Burgos, kwa Franco, na Antonio akiwa Madrid, kwa Jamhuri. Mwanzoni mwa 1939 Antonio anavuka kuingia Ufaransa katika ule msafara wa watu karibu nusu milioni, yeye na mama yake kikongwe, na tarehe 22 Februari anafia Collioure. Siku tatu baadaye mama naye anamfuata. Manuel anasafiri hadi huko akienda kwenye msiba mmoja, anakuta miwili. Franco mwenyewe alikuwa na binamu, Ricardo de la Puente Bahamonde, wa kucheza naye utotoni, aliyekataa kuusaliti uwanja wa ndege aliokabidhiwa na Jamhuri. Alipigwa risasi Agosti 1936 na Franco hakumwokoa. Na uwanja huo ulikuwa wapi? Tetuán, Morocco. Yaani hata damu ya ndani ya ukoo wa Franco ilianza kumwagika Afrika. Wasije wakatuambia njia ya huko hawaijui.

Sasa tuseme mwandishi kaamua kumpa yule mwenye kisu kurasa tano tu. Angeandika nini? Angeshindwa kuchagua. Kijana wa miaka ishirini mwaka 1936 alizaliwa 1916, tuseme milima ya Rif, kaskazini mwa Morocco, upande uliotawaliwa na Hispania. Alikuwa na miaka mitano watu wa Abd el-Krim, kiongozi wa waasi wa Rif, walipolisambaratisha jeshi la Hispania pale Annual, Julai 1921, na bado alikuwa mtoto Wahispania walipolipiza kwa ndege, wakamwaga gesi ya sumu juu ya vijiji na masoko. Katika vita hivyohivyo Franco alipanda vyeo mpaka akawa jenerali mwaka 1926. Baadaye ukame, mavuno mabaya, njaa. Kisha kiangazi cha 1936 anakuja mwandikishaji, watoto wa waliomwagiwa gesi wanaitwa wakawapiganie walewale waliomwaga. Ahadi yake ni hii: mshahara wa miezi miwili mkononi kabla hujanyanyua mguu, sukari kilo nne, kopo la mafuta, na mikate ya kila siku kwa hesabu ya watoto ulionao.

Kwa hesabu ya watoto, jamani. Karani wa jeshi la kikoloni, mtu asiye na mapenzi yoyote na yule mbele yake, alikuwa na nafasi kwenye daftari lake ya kuandika kwamba huyu ana familia. Mwandishi wa riwaya ya familia, mwenye kurasa mia sita na muda wa kutueleza punda alikuwa na doa wapi, hana.

Walikwenda maelfu kwa maelfu. Wanahistoria wengi wanataja kati ya 60,000 na 80,000 mpaka vita inaisha. Wa mwanzo walivushwa kwa ndege za Hitler na Mussolini, kwa sababu mabaharia wa manowari walikuwa wamebaki na Jamhuri na bahari haikupitika. Hebu iwazeni hiyo sura. Ndani ya Junkers, ndege ya Kijerumani, watu wamebanana sakafuni na bunduki katikati ya magoti, mmoja anatapika, mwingine anasoma Yasini, chini Mlango wa Bahari wa Gibraltar, na hakuna hata mmoja aliyeelezwa sawasawa anakwenda kumuua nani. Mwandishi gani mwenye akili timamu anaiacha sura kama hiyo mezani na kwenda kuandika mara ya arobaini habari za nesi na Mwingereza aliyejeruhiwa bega?

(Bega. Siku zote bega. Mwingereza hajawahi kupigwa risasi ya tumbo katika vita hivi.)

Najua mtakachoniambia, maana kwenye kikundi nimeshaambiwa, tena kwa sauti za watu wanaotaka kukuonea huruma. Dada mmoja, msomaji kuliko sisi wote, alinijibu hivi: "Kwani mdogo wangu unataka waandike uongo? Hawakubaka? Hawakuua?" Waliua. Walibaka. Mji wa Badajoz, Agosti 1936, safu ya Yagüe, kamanda wa Franco, ya askari wa legioni ya Hispania na Wamoroko iliacha maiti ambazo watu wanagombania idadi yake mpaka leo. Siwaombei msamaha, wala sina mamlaka hayo. Binti aliyejificha kisimani hakuhitaji kujua mavuno ya Rif yalikuwaje mwaka ule. Haya, nimekubali.

Ila na ninyi kubalini hili. Ile hofu ilitengenezwa, na aliyeitengeneza hakuwa Mmoroko. Jenerali Queipo de Llano, wa upande wa Franco, alikaa mbele ya maikrofoni ya redio Sevilla, usiku baada ya usiku, akiwatisha wanawake wa upande wa Jamhuri kwamba wanaume wa Afrika wanakuja. Alikuwa anawatumia kama silaha, na silaha haina mama. Halafu miaka themanini inapita, anakuja mwandishi anayejiita mpinzani wa mafashisti, analia na wahanga, anaweka maua, na anawaonyesha Wamoroko vilevile Queipo alivyotaka waonekane. Hilo ndilo linalonichoma. Katika kila jambo lingine mwandishi huyu kamkatalia jenerali. Hapa tu kamwandikia kama aliyesomewa imla.

Kuna waliokaribia. María Dueñas mwaka 2009 alitoa riwaya yake ya Sira, fundi cherehani wa Madrid anayejikuta Tetuán wakati wa vita, mama yake kakwama kwenye mji uliozingirwa, naye anafungua duka la kushona mavazi ya wake za wakubwa. Nilipoianza nilisema hapa hapa, leo tutapata chai nyumba ya Mmoroko. Wapi! Mamia ya kurasa mjini Tetuán, na Mmoroko tunayemzoea ni Jamila, msichana wa kazi. Mpole, mchapakazi, anapenda tajiri yake. Ndugu zake waume wako wapi mwaka huo, wakati vijana wa mji mzima wanaandikishwa? Hatuulizi. Na kuna tukio maarufu, zuri kweli kwa presha, siikatai kazi ya fundi: Sira anafungiwa bastola mwili mzima, anavishwa mavazi ya mwanamke wa Kimoroko, uso kafunika, anapita mbele ya walinzi. Nafasi ya mwanamke wa Kimoroko katika riwaya nzima ni hiyo. Kuvaliwa.

Halafu kuna Langston Hughes. Mmarekani mweusi, alikwenda Hispania 1937 kuripoti, akaandika shairi fupi lenye sura ya barua ya askari mweusi anayowaandikia watu wa kwao Alabama. Wamemkamata Mmoroko aliyejeruhiwa, mweusi kama yeye. Anamuuliza unafanya nini hapa. Yule anajibu kwa lugha asiyoijua, mtu anatafsiri: walimkamata nchini kwao wakamtia jeshini, na anahisi hatarudi tena nyumbani. Basi. Ni mistari unayoweza kuisoma ukisubiri daladala, iliandikwa vita ikiendelea, na mtu aliyekuwa upande wa kupigwa risasi na huyo Mmoroko. Ndiyo maana sikubali kuambiwa kwamba nataka mambo ya kisasa, kwamba wakati ule watu hawakuweza kufikiri hivyo. Waliweza.

Utotoni mtaani kwetu kulikuwa na mzee aliyepigana Burma na KAR, jeshi la Waafrika chini ya Waingereza. Sisi watoto tulitaka habari za kuua Wajapani, yeye alitaka kuzungumzia barua. Alikuwa hajui kusoma, kwa hiyo alilipa sigara kuandikiwa na sigara nyingine kusomewa jibu, na aliamini mpaka kufa kwake kwamba yule msomaji alikuwa anamficha maneno fulani ya mkewe. Alijua maneno yenyewe ni yapi, ila hakutuambia. Nikimsoma Mmoroko mwenye kisu namuona mzee huyu, na najiuliza kwenye riwaya za Kijapani yeye kaandikwaje. Pengine naye ana ukurasa mmoja na nusu. Pengine naye anapiga kelele tu.

Sababu nyingine ya kuwaruka naijua, na haipendezi. Ukimpa Mmoroko kinywa, ataisema na Jamhuri. Vuguvugu la uhuru la Morocco lilituma watu Barcelona mwaka 1936 kuzungumza: tuahidini kujitawala, nasi tutawaondolea Franco askari wake. Serikali ya Jamhuri haikuwapa, maana Ufaransa nayo ilikuwa na Morocco yake na haikutaka kusikia neno uhuru. Ni vigumu kumwandika baba mwalimu wa kijiji, mpenda haki, mwenye picha ya Jamhuri ukutani, halafu umuulize mbele ya watoto wake haki hiyo inafika mpaka wapi kusini. Kwa hiyo hatumuulizi. Tunamuua mapema, alfajiri, kwa lori.

Msidhani nataka Mmoroko kwa lazima kila kitabu, kama chumvi. Riwaya ninayoipenda kuliko zote za vita hivi ni ya Mercè Rodoreda, La plaça del Diamant, ya mwaka 1962, na humo sijawahi kumtafuta. Tuko ndani ya kichwa cha Natàlia, mwanamke wa mtaa wa Gràcia, Barcelona, mume kaenda mstari wa mbele, kazi hakuna, watoto wawili wamekuwa mifupa. Siasa haielewi na hajifanyi kuielewa. Njaa inafika mahali anaamua kununua asidi, awamalize watoto kisha yeye, na anakwenda dukani na chupa tupu akijua pesa hana. Mwenye duka anampa, kisha anamkimbilia barabarani na kumuuliza kama atataka kazi. Hakuna hotuba, hakuna Franco. Rodoreda hakuhitaji kumgeuza mtu yeyote mnyama ili tumwelewe Natàlia, na ndipo ninapowashika hawa wengine: ukubwa wa dirisha si tatizo, mradi usilichoree mazimwi.

 

Asturias, kaskazini mwa Hispania, kijiji cha Barcia, yapo makaburi ya Waislamu waliokufa kwenye vita hiyo, yamezungushiwa ukuta. Hawa si watu wa kufikirika. Walizikwa na wenzao, wakaelekezwa Kibla, na kule Rif kuna nyumba mikate ilikatika ghafla, na watoto waliokuwa wanahesabiwa wakabaki kujihesabu wenyewe.

Kwa hiyo nauliza, na sikejeli tena: yupo anayejua riwaya inayoanzia kwenye nyumba hiyo? Ya Kiarabu, ya Kifaransa, ya Kihispania, tafsiri yoyote nitaitafuta. Masharti yangu ni mepesi. Mama awe na jina. Kijana, kama aliua, aue mbele yangu nimuone, asifichiwe wala asisingiziwe. Na cherehani aliyoiiba, nataka kujua alimpelekea nani.