Maana ya Jina la Bosi

Nina ugonjwa mmoja: nikisikia jina, situlii mpaka nijue lilikotoka. Mtu akiniambia anaitwa Filipo, badala ya kumwambia nimefurahi kukufahamu, namweleza kwamba hilo ni la Kigiriki, maana yake mpenda farasi. Kazini walishanizoea. Ndiyo maana bosi wetu alipopata uhamisho wakanikabidhi kipaza sauti niwe mshereheshaji wa hafla ya kumuaga. "Utupe na maana za majina yetu," wakasema, "iwe burudani."

Nilianza vizuri. Debora ni nyuki kwa Kiebrania, na Debora wetu wa masjala, ambaye ukichelewesha faili lake utajuta, alipigiwa vigelegele. Nikaja kwa Tomasi. Jina limetoka katika Kiaramu, maana yake pacha. Kwa Kigiriki pacha ni Didimo, kwa hiyo yule mtume Tomaso aitwaye Didimo, ukitafsiri yote, ni Pacha aitwaye Pacha. Tomasi akalalamika kwamba yeye kazaliwa peke yake.

"Ulimuuliza mama vizuri?"

Ukumbi ukaangua kicheko, na sifa zikanilevya. Nikaenda mpaka Ghana. Kofi Annan alizaliwa Ijumaa, Aprili 8, 1938, na kwa Waakan, Kofi ni mtoto wa kiume wa Ijumaa. Jina lake la kati, Atta, ni pacha, na kweli alizaliwa pamoja na dada yake. "Yaani Kofi na Juma wetu hapa ni wamoja!" Juma akanyoosha mkono: yeye alizaliwa Jumanne, jina ni la babu yake. Nikampuuza. Mwenye kipaza sauti hasikii vitu vidogo.

Nikamgeukia mgeni wa heshima. "Na sasa mama yetu, Claudia! Jina la Kilatini hili, la ukoo mkubwa wa Roma ya kale, na mzizi wake ni claudus, yaani..."

Hapo ndipo nikaiona fimbo. Bosi aliteguka kifundo cha mguu wiki ile ile. Fimbo ilikuwa imeegemezwa kwenye kiti chake, kile kipira cha chini kimechomoka, na wote tulikuwa tumemsikia akiingia: ko... ko... ko.

"Yaani?" akauliza bosi.

Mwenye akili zake angesema "malkia." Nani angekwenda kufungua kamusi ya Kilatini? Lakini nimeshasema, huu ni ugonjwa.

"Yaani anayechechemea."

Kukawa kimya, kipaza sauti tu kinavuma. Nikajitia kufukia shimo. "Lakini si vibaya, bosi! Hata Kaisari Klaudio alichechemea, na alitawala Roma tangu mwaka 41 hadi 54!"

"Halafu ikawaje?" akauliza mume wa bosi.

"Halafu... akafa."

"Kwa ugonjwa gani?"

"Wanahistoria wa kale wanasimulia kwamba alilishwa uyoga wenye sumu. Na mkewe."

Shemeji, ambaye alikuwa akimpelekea bosi sahani ya chakula, akasimama, akaitazama ile sahani, akairudisha mezani taratibu.

"Endelea, Kennedy," akasema bosi kwa sauti ya upole, ile ambayo sote tunaiogopa. "Usibague watu. Cecilia je?"

Cecilia ni mhasibu, yeye ndiye anayeandaa mishahara yetu. Jasho likanitoka. "La ukoo wa Kirumi pia. Linahusu macho."

"Mazuri?" akauliza Cecilia.

"Yasiyoona."

Cecilia akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya mtandio, jicho moja kisha la pili, akaivaa tena, akatoa simu.

Nikaona bora nijitaje mwenyewe, labda mambo yatapoa. "Haya, na langu! Kennedy ni jina la Kiayalandi, lilianza kama jina la ukoo, na maana yake ni kichwa chenye kofia ya chuma. Kofia ya vita!"

Hakuna aliyepiga makofi.

"Kaka Kennedy," akasema Cecilia, ameisogeza simu karibu na pua, "pamoja na upofu wangu, naona hapa kuna maana ya pili."

"Hiyo si lazima, dada..."

"Soma," akasema bosi. "Kwa sauti."

"Kichwa kibaya."

Wa kwanza kucheka alikuwa bosi mwenyewe. Alicheka mpaka fimbo ikaanguka na kubingirika hadi miguuni pangu. Juma akaja kuiokota, na alipoinama akaninong'oneza:

"Kichwa Kibaya, nilikwambia nilizaliwa Jumanne."