Winsor McCay: bosi alimbania, au alijibania mwenyewe?

Ukigusa tu stori ya Winsor McCay lazima mtu aanze kumsomea mashtaka William Randolph Hearst. Huyo tajiri wa magazeti kule Marekani alimchukua mchoraji wa Little Nemo, kile kibonzo kilichoanza kutoka kwenye New York Herald Oktoba 1905, cha dogo anayeota makubwa halafu boksi la mwisho anashtuka usingizini, mara nyingine yuko chini kaanguka kitandani. Akamkalisha mezani achore katuni za kupamba tahariri na shoo za steji akambania. Ndo maana watu wanasema bila Hearst jamaa angekuwa Disney kabla ya Disney.

Mi nakubali nusu. Angalia shoo ya Gertie ya 1914: McCay anasimama na mjeledi pembeni ya skrini, anamwambia dinosa wa kuchora ainue mguu, dinosa anainua, akigombezwa analia. Anamrushia tufaha, kumbe kalificha kiganjani, huku kwenye skrini Gertie anadaka lake. Mwisho McCay anajipenyeza nyuma ya skrini, anatokea McCay wa kuchora, anapanda mgongoni kwa mnyama, wanasepa. Kitu kama hicho unakizuiaje? Ila haya, Hearst ndo alikuwa analipa mshahara, na mchoraji akishinda kwenye steji gazeti linajaa na nini.

Nusu nyingine ndo watu hawapendi kuigusa. Filamu yake ya kwanza ya katuni, 1911, ilikula michoro kama 4,000 na aliichora mwenyewe. Kwa Gertie hadi majabali ya nyuma yalichorwa upya kwenye kila karatasi, na msaidizi alikuwa kijana mmoja tu, John Fitzsimmons. Ile ya kuzama kwa meli ya Lusitania, tukio la Mei 1915, imekuja kutoka 1918, Marekani ishaingia Vita vya Kwanza vya Dunia zaidi ya mwaka. Wakati huo John Bray, mtengeneza katuni mwingine, ana studio, kazi imegawanywa, huyu anachora hivi yule vile, filamu zinatoka mfululizo. Mtu mmoja na kalamu yake hawezi kushindana na hiyo, hata bosi awe malaika.

Lakini ubishi huohuo wa kuchora kila kitu kwa mkono wake ndo uliompa Gertie uhai, siwezi kukataa. McCay alijipima pumzi huku akitazama saa ili mbavu za mnyama zipande na kushuka kama za kiumbe anayehema kweli, na zinahema kweli, utafikiri amechoka na kuamrishwa. Studio gani ya haraka ingepoteza muda hivyo?

Halafu 1924 mkataba wa Hearst ukaisha, akatoka. Hana wa kumzuia tena. Ungetegemea filamu, si ndiyo? Akamfufua Nemo gazetini, hakuwaka kama zamani, 1926 akafungiwa, na McCay huyo akarudi kwa Hearst kuchora tahariri.